Ukimya Kabla ya Pigo la Kwanza

Friji ndiyo iliyotangulia kunyamaza. Fundi alikuwa amesimama jikoni asubuhi, kikombe mkononi, akahisi kwamba chumba kimepungukiwa. Alifungua mlango wa friji. Taa iliwaka, maziwa yalikuwa baridi, barafu ilikuwa imeganda vizuri kwenye trei. Aliweka kiganja ubavuni mwa friji, akauhisi mtetemo wa mota ukimpanda hadi kwenye kiwiko. Mota ilikuwa inazunguka. Ilizunguka bila sauti.

“Friji imenyamaza,” alimwambia mkewe.

“Afadhali. Miaka yote inakoroma kama baba yako. Leo imepata adabu, wewe unaikagua.”

Mkewe alikuwa msusi, na kibaraza cha mbele ndicho kilichokuwa saluni yake: viti vya plastiki, benchi la wanaosubiri, kioo kirefu kilichoegemezwa ukutani. Mtaani walimwita Redio, kwa sababu haikuwahi kupita saa ya mchana bila yeye kuzungumza. Wateja wengine walikuja na nywele ambazo hazikuhitaji kuguswa. Walikuja kusikiliza. Fundi alifanya kazi chumba cha nyuma, kilichopigiliwa vipande vya magodoro ukutani ili kelele zisiingie, lakini hata kupitia magodoro aliisikia sauti ya mkewe kwa mbali, si maneno bali mwendo wake tu, ikipanda na kushuka. Hakuwahi kumwambia kwamba bila sauti ile hawezi kufanya kazi. Lilikuwa moja ya mambo ambayo mtu huona hayana haja ya kusemwa.

Kazi aliyokuwa nayo ilikuwa kubwa kuliko zote alizowahi kupewa. Kampuni moja ya muziki ilikuwa inaandaa kasha la singo za Misumari, bendi kongwe ya roki ambayo sasa ilikuwa imebakiwa na mtu mmoja hai. Kasha lingekuwa la mbao, limepigiliwa misumari halisi pembezoni, na ndani yake santuri ndogo ndogo, kila moja kwenye jalada lake la zamani, wimbo mmoja kila upande. Lilikuwa la wakusanyaji, watu wanaonunua kitu ili wawe nacho. Kazi ya Fundi ilikuwa kuzicheza kanda za awali, kuziingiza kwenye kompyuta na kuzisafisha.

Kanda zilikuwa zimezeeka vibaya. Gundi yake ilikuwa imelainika, ikabidi azipashe joto taratibu ili zikauke, kisha azicheze mara moja tu, kwa sababu kila zilipopita kwenye kichwa cha mashine ziliacha unga wa kahawia, na unga ule ndio muziki wenyewe. Baada ya hapo kanda ilibaki utepe mtupu.

Aligundua jambo moja lisilo la kawaida. Kila wimbo wa Misumari ulianza na ukimya mrefu, wa kumfanya mtu ainuke kutazama kama mashine imezimika. Kanda inazunguka, chumba kinasikika, hakuna anayepiga. Ndani ya ukimya ule, akiongeza sauti hadi mwisho, kulikuwa na mtu anapumua. Ilikuwa pumzi nzito, ya polepole, karibu kabisa na maikrofoni, na ilikuwa ile ile katika kila wimbo, hata katika nyimbo za miaka ya mwisho, wakati nusu ya bendi ilikuwa imekwisha badilika.

“Kata,” meneja wa kampuni alimwambia kwenye simu. “Mtu akiweka sindano anataka gitaa. Hakulipa pesa yake amsikilize mtu aliyelala.”

Fundi akakata. Fundi yeyote wa sauti angekata; kichwa cha wimbo huparwa kama samaki kabla hajaingia jikoni. Alivikata vipande vyote vya ukimya, akavitupa kwenye pipa la taka la kompyuta, na jioni, kwa kuwa hakupenda uchafu, akalimwaga pipa lenyewe.

Asubuhi yake ndipo friji iliponyamaza.

Baada ya friji ikafuata bawaba ya mlango wa choo, iliyokuwa ikilia tangu walipohamia. Kisha bomba la jikoni: maji yalianguka kwenye sinki la bati kama yanaangukia pamba. Fundi alidhani ni masikio yake. Alijipima kwa mashine zake, sikio la kulia, sikio la kushoto, akakuta yako sawa. Ndipo harufu ikaanza chumba cha nyuma, harufu ya vumbi linaloungua juu ya taa za amplifaya za kizamani, na chini yake harufu ya ngozi mbichi iliyolowa. Hakuwa na amplifaya ya namna hiyo. Hakuwa na ngozi yoyote.

Kibarazani, Nesi alikuwa anapunguzwa nywele. Alikuwa jirani, kazi yake zahanati, na hapakuwa na habari ya mtaa iliyowapita yeye na Redio.

“Hebu kata tena,” Nesi alisema.

Redio akakata. Nywele zikaanguka begani.

“Umekata?”

“Si hizo hapo begani kwako? Unataka nizipigie makofi?”

“Mkasi haulii.”

“Nimeutia mafuta.”

“Mafuta gani hayo, shoga? Mie hapa ulipo mkasi nasikia baridi yake tu.”

Redio alicheka, lakini alipoingia ndani kuchukua maji alisimama mlangoni mwa chumba cha nyuma, akaongea kwa sauti ya chini ambayo mumewe hakuizoea.

“Mume wangu. Kandambili zangu pia hazilii. Nimetembea kutoka kibarazani mpaka hapa na sijajisikia nikija. Umeleta nini humu ndani?”

“Nyimbo tu.”

“Nyimbo haziondoi sauti, zinaleta. Wewe ndiye msomi, nieleze.”

Alimwambia hali ya hewa ina unyevu, na unyevu hubadilisha jinsi sauti inavyosafiri. Mkewe alimtazama kama anavyotazamwa mtu anayesema uongo kwa lugha nzuri, akarudi kwa mteja wake.

Lilitokea mchana kweupe, kibaraza kimejaa. Redio alikuwa anasimulia kisa cha bwana mmoja aliyevaa suruali ya mdogo wake kwenda posa. Wanawake walikuwa wamekwisha anza kucheka kabla ya mwisho. Alifika pale bwana anapoambiwa akae, akainua kidole, akavuta pumzi, na mdomo wake ukaendelea bila sauti. Walicheka zaidi, wakidhani anaigiza. Aliendelea sentensi nzima. Kisha akashika koo kwa mikono yote miwili, kitana kikaanguka sakafuni, na kitana nacho hakikulia.

Hospitalini daktari alimwingiza kioo kooni, akasema kila kitu kiko mahali pake. “Apumzike. Huenda ameshtuka.”

“Ameshtushwa na nini?” Fundi aliuliza.

“Hilo muulize mwenyewe,” daktari alisema, kisha akaona alichokisema, akainamia karatasi zake.

Walirudi nyumbani. Redio alijilaza chumbani, akaugeukia ukuta. Wateja walikuja, wakakaa kidogo, wakaondoka kama wanaotoka msibani. Fundi alikwenda chumba cha nyuma kwa sababu hakujua pengine pa kwenda. Alivaa hedifoni kwa mazoea tu, ili zimfunike. Waya wake ulikuwa umening'inia, haujachomekwa popote.

Pumzi ilikuwa humo, nzito na ya polepole. Na alipoacha kupumua mwenyewe ili aisikilize vizuri, pumzi ikakatika, na katika nafasi yake ikaja sauti ya mkewe, safi, karibu kabisa na sikio, ikimalizia kisa cha bwana wa posa, ikirudia neno la mwisho mara kwa mara kwa namna tofauti, kama mtu anayejaribu viatu vya mwenzake dukani na kuridhika kwamba vinamtosha.

Mpiga dramu, ambaye ndiye pekee wa Misumari aliyebaki hai, aliishi juu ya karakana ya matairi. Fundi alipanda ngazi huku nyundo zikigonga chuma chini yake, na kwa mara ya kwanza tangu friji iliponyamaza alifurahi kusikia kelele.

“Shikamoo, mzee.”

Mzee hakuitikia. Alikuwa mrefu, mkavu, mikono yake mikubwa kuliko mwili.

“Wewe ndiye uliyekata. Kampuni waliniletea nyimbo zilizosafishwa nizisikilize. Pigo langu la kwanza linaingia kabla mlango haujafunguliwa. Nikasema, kuna mtu huko nyumbani kwake mambo yameharibika. Nani amechukuliwa?”

“Mke wangu. Sauti yake.”

“Ana kelele?”

“Sana.”

“Basi alipendwa,” mzee alisema, bila huruma. “Kaa, kijana.”

Fundi, ambaye mvi zilikuwa zimemjaa, alikaa.

“Tulikuwa tunafanyia mazoezi kwenye bohari nje ya mji. La bure. Tulipaswa kujiuliza kwa nini bohari zima liko wazi na hakuna anayelitaka, lakini sisi vijana, tuna spika kubwa kama makabati, nani ajiulize? Bohari lilikuwa na mwenyewe. Na mwenyewe alikuwa anapenda kimya.”

“Jini.”

“Ulidhani panya? Alianza kwa kuchukua sauti ndogo ndogo, akijijengea kimya chake mwenyewe. Kisha akamchukua mwimbaji wetu wa kwanza. Umewahi kumsikia mwimbaji wetu wa kwanza?”

“Hapana.”

“Hakuna aliyemsikia tena.” Mzee alifunga dirisha, akalifungua tena, kama mtu asiyevumilia kelele ipungue. “Tukampa kiti. Kila wimbo, kabla ya pigo la kwanza, sote tunanyamaza kwa ajili yake, kanda inazunguka, naye anakaa humo. Akishakaa ndipo napiga. Miaka yote amekaa humo, hakumgusa mtu. Wewe ukamvuta kiti akiwa amekikalia.”

“Nitamrudishia. Naweza kuweka ukimya mwanzoni mwa kila wimbo, mrefu atakavyo. Leo hii.”

“Wa kompyuta? Huo ni utupu, si ukimya. Yeye anataka ukimya wa mtu. Mtu mwenye sauti, mwenye la kusema, anayetaka kulisema, na anajizuia. Hapo ndipo anapokaa. Mkeo hawezi, hana cha kuzuia. Mimi nitakuja na dramu yangu, lakini mimi sina la kumwambia mtu yeyote duniani. Kwa hiyo ni wewe. Urekodi ukimya wako, uuweke mwanzoni mwa kila wimbo.”

“Na sauti yake itarudi?”

“Akishapata pa kukaa, atashika sauti ya mtu ya nini? Ila atakujaribu. Ukiitika, umekwisha, na mkeo amekwisha. Asikwambie mtu kwamba ni kazi ndogo. Kukaa kimya ni kazi ngumu kuliko yangu, na mimi nimevunja vidole.”

Walifanya siku iliyofuata, mchana, jua likiwa limesimama juu ya bati. Fundi alimweleza mkewe kila kitu, kitandani, akimshika mkono. Redio alisikiliza. Mumewe alipomaliza, alimgusa midomo kwa kidole, kama anayeifunga, akajaribu kutabasamu. Fundi alimrudishia mlango wa chumba cha kulala, akaenda chumba cha nyuma, akafunga mlango wa huko. Mzee alikuwa amekaa nyuma ya dramu moja ya ngozi, fimbo zimelala mapajani.

“Ngozi ikilowa, amekaa,” alinong'ona. “Nitapiga. Kabla ya hapo, hata ukifa, kufa kimya.”

Fundi aliwasha mashine ya kurekodi. Taa nyekundu ikawaka.

Mwanzoni hapakuwa na kitu. Kisha sauti za nyumba zilizobaki zikaanza kuondoka, moja baada ya moja: bati lililokuwa likitatarika kwa joto, nzi dirishani, magari ya barabara kuu, mpaka Fundi akabaki na damu yake masikioni, na hiyo nayo ikaondoka. Ile harufu ya vumbi linaloungua ikajaa chumba. Na kutoka kibarazani mkewe akacheka.

Kilikuwa kicheko chake hasa, kile cha kuanzia puani. Akamsalimia mteja asiyekuwepo, akamsifu nywele, akauliza hali ya watoto, kisha sauti ikaingia ndani, ikapita sebuleni bila mlio wa kandambili, ikasimama nje ya mlango wa chumba cha nyuma. “Msomi,” ikasema. “Umekaa humo na magodoro yako. Unajua wanawake wa kibarazani wanakuitaje? Kabati. Eti nimeolewa na kabati, kubwa, zuri, limefungwa. Nawatetea kila siku, nachoka. Lini umewahi kuniambia neno moja ambalo sikukuvuta kama jino?” Fundi aliingiza mkono wa shati mdomoni akauma. Aliliona kila jibu likipanda kifuani, na majibu yalikuwa mengi, yalikuwa ya miaka yote, na yote yalikuwa mazuri.

Ikanyamaza. Kisha sauti ikaja kutoka upande mwingine, kutoka chumba cha kulala, nayo haikuwa ya kutania wala ya kejeli, ilikuwa ndogo na imekwaruzika kama sauti ya mtu aliyelala kwa muda mrefu, “Mume wangu, imerudi, nasikia nikiongea, imerudi, lakini yuko humu na mimi, amekaa kifuani, ni mzito, njoo,” na mlango wa chumba cha kulala ukafunguliwa, na kitu kikajikokota ukumbini kikija upande wake, kikisimama, kikijikokota tena, huku sauti ikimwita kwa jina ambalo hakuna mtu mwingine aliyelijua, jina ambalo hakuwahi kulisikia nje ya kitanda chao, ikisema njoo, ikisema angalau niambie uko hapo, ikisema sikuombi ufungue, nijibu tu, nijibu neno moja nijue siko peke yangu, na kucha zikaanza kukwaruza mbao za mlango chini kabisa, pale ambapo mtu aliyelala sakafuni angefikia, na Fundi akaukumbuka ule uongo safi wa hedifoni, neno la mwisho la kisa likijaribiwa kama viatu, akajiambia ni yule, ni yule, si yeye, akafumba macho, akang'ang'ania kitambaa kwa meno mpaka mdomo ukajaa ladha ya chumvi, na sauti nyuma ya mlango ikazidi kuwa ndogo, ikawa pumzi, ikaacha kuita.

Ngozi ya dramu ikalowa. Mzee akapiga.

Nyumba ikarudi yote kwa pamoja. Friji ikanguruma jikoni, bomba likadondosha, bati likatatarika. Fundi alicheka kwa sauti, akafungua mlango.

Mkewe alikuwa sakafuni mbele yake, amelala kifudifudi, kucha za mkono mmoja zimevunjika. Alimwinua, akamkalisha ukutani. Alikuwa anapumua. Aliinua uso, akafungua mdomo.

“Sema,” Fundi alimwambia. “Imekwisha. Sema chochote.”

Midomo yake ilikuwa inakwenda. Alisubiri. Nyuma yake alimsikia mzee akirudi hatua moja.

“Mjibu basi,” mzee alisema.

“Nimjibu nini? Bado hajapata sauti.”

Mzee alimtazama, kisha akamtazama mwanamke, kisha tena yeye. Kwa mara ya kwanza uso wake haukuwa na ukali.

“Kijana, anaongea. Anaongea vizuri kabisa. Anasema sauti ilimrudia mlipoanza tu. Anasema alikuwa anakuita yeye mwenyewe, na alijua unamsikia.” Mzee alilamba midomo. “Anauliza kwa nini hukuitika.”

Fundi aliuweka ukimya ule mwanzoni mwa kila wimbo, kama alivyoagizwa. Meneja alinung'unika, kisha akagundua kwamba wakusanyaji hupenda kitu kisichoeleweka, akanyamaza. Makasha yakatoka. Moja lililetwa nyumbani. Fundi alikaa nalo peke yake, akatoa santuri ya kwanza, akashusha sindano, akaongeza sauti hadi mwisho. Ukimya ulikuwa mrefu na safi. Hapakuwa na mtu ndani yake. Alijaribu ya pili na zilizofuata, na zote zilikuwa hivyo hivyo, vyumba vilivyofagiliwa ambavyo mpangaji hakuvitaka.

Kibaraza kilijaa tena. Wateja walimsikia Redio, wakacheka, wakasema amerudi vizuri kuliko mwanzo. Ni mumewe tu aliyeona midomo ikienda. Alimpeleka kwa madaktari, akajipeleka mwenyewe, akarudia kipimo, sikio la kulia, sikio la kushoto. Alimwambia kila siku mambo ambayo hakuwahi kumwambia, yote, bila kuvutwa. Aliona machozi yakimtoka mkewe, aliona akijibu, na hakupata hata mnong'ono. Mwishowe Redio akazoea kuwatuma waliokuwapo. Mkeo anasema chakula tayari. Mkeo anasema funga dirisha.

Mchana mmoja wateja walipopungua, Fundi alitoka akakaa na mkewe, aliyekuwa akipumzisha vidole, kwenye benchi la kibarazani. Nesi alikuwa kwenye kiti, nywele nusu zimesukwa, akijitazama kiooni. Redio akasema kitu, polepole, akimtazama mumewe.

Nesi akaangua kicheko. “Nyie watu na mafumbo yenu.”

“Amesemaje?” Fundi aliuliza.

“Anasema yeye amekuja mpaka mwisho wa benchi, hana tena pa kwenda. Basi mwambie huyo aliyekaa katikati yenu asogee kidogo.”

Fundi alishusha macho kwenye ile nafasi iliyokuwa kati yao, ambayo hakukumbuka kuiacha, kisha akamtazama mkewe. Mkewe hakuwa anacheka.